Siku Sauti ya Pili Ilipopanda Jukwaani Peke Yake

Wacha niseme kosa langu mapema ili mcheke mara moja, tuendelee: siku ya kuzindua maisha yangu ya kuimba peke yangu, mbele ya soko zima la Tulia, nilimwambia bibi yangu, yaani mke wangu Mama Mwende, abaki nyumbani. Ni hivyo tu. Sikulewa, sikugombana na mtu, sikusahau viatu. Nilimwambia tu abaki aangalie ng'ombe, na kutoka hapo aibu ikaanza kukimbia yenyewe kama mbuzi aliyekata kamba.

Kwa wale hamnijui, mimi nimeimba kwenye bendi ya dansi miaka mingi (jina la bendi naliacha, wenyewe wanajijua na wana mdomo). Kiongozi wetu tunamwita Komanda. Yeye hushika sauti ya kwanza, yaani anauliza, na mimi nashika sauti ya pili, yaani naitikia. Wimbo uliotupatia jina unaenda hivi, nawawekea kwa Kiswahili ingawa kwa Kikamba ni mtamu zaidi: Komanda anaita, "Nani anabisha mlangoni na mvua yote hii?" na mimi naingia, "Ni mimi, ni mimi, wala si mwingine!" Anauliza tena, "Nani atanijengea nyumba ya mabati?" na mimi tena, "Ni mimi, ni mimi, wala si mwingine!" Ubeti baada ya ubeti, kazi yangu ni kukubali. Na nakubali vizuri, hilo hata wanaonichukia wanasema.

Shida ni kwamba mimi ni mtu wa nyumbani. Napenda kitanda changu, napenda muthokoi wa bibi yangu, mahindi ya kukobolewa yaliyoiva na maharagwe yake, napenda kuamka kuku wakinijua. Bendi nayo ni kulala loji pale Mtito Andei na malori yakinguruma dirishani, halafu ukitoka hapo ni Tseikuru, ambako nilikula vumbi mpaka sikuhitaji chakula cha jioni. Nikawaza, nikiwa msanii wa kujitegemea nitaimba harusi za karibu na jioni nitarudi kwangu. Na kama shetani alikuwa anangoja hapo tu, dereva mmoja wa lori pale Mtito akanishika mkono baada ya shoo, akaniambia, "Boss, bila wewe hiyo bendi ni kelele tu." (Alikuwa amekunywa, lakini sifa ni sifa.) Kesho yake nikasimama mbele ya wenzangu wote, nikamwambia Komanda naondoka, na yale maneno ya dereva nikayaongeza kama yangu.

Komanda hakukasirika. Alikuwa anakula ndizi. Akaimaliza, akakunja ganda vizuri, akaniuliza, "Sawa, Kiitikio." (Hilo ndilo jina waliniita.) "Lakini kule jukwaani, nani ataanza?"

"Nitaanza mimi."

"Haya. Nafasi yako nitakuwekea mpaka hiyo siku ya uzinduzi. Ikipita, kuna kijana wa mji wa Wote ananisumbua sana, nampa yeye."

Nikaona ni wivu.

Nikajipa jina jipya, Sauti Kuu, nikachapisha mabango yenye picha yangu nimevaa miwani ya jua (picha tuliipiga ndani ya nyumba). Nikamtafuta Muli, mpiga gitaa asiye na bendi, tukafanya mazoezi uani kwangu, na niwaambie ukweli, yalienda kama maji. Gitaa linazunguka, mimi naingia, tamu kabisa. Mama Mwende alikuwa jikoni anakoroga sufuria huku anajiimbia, na mimi nikasema moyoni, angalia vile mwanamke anafurahi kuolewa na nyota. Hata jirani yetu Mama Kaluki, ambaye hupepeta mbaazi zake ng'ambo ya ua wa minyaa, aliuweka ungo chini siku moja akaita, "Baba Mwende, mnapatana sana hapo!" Nikamshukuru. Nilidhani anasema mimi na gitaa.

Siku yenyewe ikafika. Mama Mwende akatoka chumbani amevaa nguo ya kanisa, kitambaa kichwani, mkoba mkononi. Nikamwangalia nikaona hatari. Sauti Kuu atafikaje na bibi pembeni? Mashabiki wa kike watafikiria nini? (Mashabiki gani, msiniulize.)

"Mama Mwende, leo wewe baki uangalie ng'ombe."

"Nibaki?"

"Baki."

"Sawa," akasema, na akaanza kufungua kitambaa polepole. Hiyo sawa ingemtisha mtu mwenye akili.

Tulia ilikuwa imejaa, maana ilikuwa siku ya soko. Jukwaa langu lilikuwa trela la trekta nyuma ya mashine ya kusaga unga. Nikapanda na suti nyeupe (nyeupe, jamani, wakati wa kiangazi), nikapunga mkono, na kule nyuma kabisa, karibu na muuza mahindi ya kuchoma, nikamwona Komanda na bendi nzima, wamejipanga, wanatafuna.

Muli akapiga. Gitaa likazunguka, likafika pale pa kuingia. Nikavuta pumzi, nikatoa kifua mbele, na nikangoja. Maneno yote nilikuwa nayajua, nimeyasikia kuliko mahubiri, lakini mdomo wangu umezoea mtu aulize kwanza, na hapo hakuna mtu aliyeuliza. Gitaa likazunguka tena. Nikatabasamu kama mtu mwenye mpango. Muli akanisogelea akaninong'oneza, "Boss, yule mama wa jikoni yuko wapi?"

Hapo ndipo nilipoelewa. Mazoezi yote yale, aliyekuwa anaanza wimbo ni bibi yangu, na mwiko mkononi. Na saa hiyo yuko nyumbani na ng'ombe, kwa amri yangu mwenyewe.

Gitaa likafika pale pale mara nyingine, na mwili wangu, bila kuniomba ruhusa, ukafanya kazi unayoijua: "Ni mimi, ni mimi, wala si mwingine!" Kwa nguvu zote. Kwa watu ambao hawakuwa wameuliza kitu.

Wauzaji wakaacha kupima nafaka. Kisha mlevi mmoja mwenye kofia ya sufu, aliyekuwa pale mbele kabisa, akaliona lile pengo, akalijaza. Akainua kidole, akaita, "Nani alikula jogoo wa pasta?"

Haki ya Mungu, sikutaka. Lakini aliuliza kwa wakati wake, sawasawa na gitaa, na mdomo ukajibu: "Ni mimi, ni mimi, wala si mwingine!"

Basi wakanikalia. Mama mmoja muuza nyanya: "Nani amevaa suti nyeupe kwa vumbi?" Ni mimi. Mwingine anayenijua: "Nani amemwacha bibi na ng'ombe?" Ni mimi. Mzee wa kanisa letu, mtu mzito asiyecheka hata Krismasi, akajitokeza akauliza nani hulala mahubiri yakianza. Ni mimi, ni mimi, wala si mwingine (na hiyo ilikuwa kweli). Simu zote ziko juu, na mimi naungama kwa sauti tamu makosa ambayo hata polisi hawajayasikia.

Komanda akatupa gunzi lake la mahindi. Akapita katikati ya watu, akapanda trela bila kuniuliza, akachukua maiki ya pili. Gitaa lilipofika, akaita na ile sauti yake ya kukwaruza: "Nani alisema bila yeye bendi ni kelele?"

Ningenyamaza. Mtu mwenye heshima angenyamaza. "Ni mimi, ni mimi, wala si mwingine."

Zile sauti mbili zikashikana, na watu wakaanza kucheza. Nasema kucheza, vumbi likapanda mpaka suti yangu ikawa rangi ya Tulia. Akaita tena: "Nani atapanda gari letu Ijumaa twende Mtito?"

Soko lote likanigeukia. Nikakiwaza kitanda changu. Nikamwaza yule kijana wa Wote.

"Ni mimi, ni mimi, wala si mwingine!" Mniamini msiniamini, hapo ndipo nimewahi kuimba vizuri zaidi.

Nilipofika nyumbani, video ilikuwa imenitangulia. Mama Mwende akanipakulia muthokoi, na alipokuwa akiosha sahani akaanza taratibu, "Nani anabisha mlangoni na mvua yote hii?" na mimi, mjinga, nikaitikia na chakula mdomoni. Alicheka mpaka akakaa chini.

Tangu hapo nimeapa sitaanza kitu tena, wimbo wala mjadala. Hata maombi ya chakula namwachia Mama Mwende, mimi nasema amina. Mabango ya Sauti Kuu yanazuia upepo kwenye banda la kuku, miwani na yote. Asubuhi ile nilipokuwa nayapigilia misumari, Mama Kaluki alisimama kwenye minyaa na ungo wake, akanipima kutoka juu mpaka chini, akasema:

"Baba Mwende, hata hapa kwenu anayeanza ni mama, wewe unaitikia, sasa kule Tulia ulienda kuanza nini?"