Barua Yenye Jina

Mama yangu, Zélie Combrade, alikuwa mshonaji, akafa kitandani mwake akiwa na miaka themanini na moja. Mwaka 1943 alikuwa afe ukutani kwa risasi. Aliyezuia ni karani wa posta ya mji wetu, Léontine Faucher, mwanamke mfupi mwenye ulimi mkali, ambaye Ufaransa ilipokombolewa hakuna aliyemkumbuka hata kwa medali ya bati.

Kazi yake ilikuwa kupanga barua. Wajerumani walipoingia, akajiongezea nyingine: barua zilizoandikiwa makao yao alizifungua kwa mvuke wa birika, na za kuchongea watu akazitia motoni. Na watu walichongeana kwelikweli, wengine kwa ugomvi wa kuku tu. Hakuna aliyetia jina. Wote walijiita "Mfaransa mwema."

Moja tu ilikuwa na jina. Ilisema Zélie mshonaji anawapelekea chakula na soksi vijana wanaojificha msituni, jambo ambalo lilikuwa kweli tupu. Mwandishi alikuwa Armande, mke wa Firmin, kaka yake Léontine, aliyekuwa mfungwa wa vita Ujerumani. Kikulacho ki nguoni mwako. Armande alijitaja kwa sababu alitaka malipo: mume wake arudishwe.

Léontine alikaa na barua ile mfukoni mchana kutwa. Kaka mwenyewe alikuwa huyo mmoja, na Léontine ndiye aliyemlea kwa mikono yake. Jioni akaichoma. Firmin alikufa kambini kwa kifua majira ya baridi yaliyofuata.

Kwa miaka kumi na mbili Armande alikuja kula kwa wifi yake kila Jumapili, na Léontine akampakulia. Mimi ningemmwagia supu. Ila wakati huo nilikuwa sijui kitu.

Nilijua Jumapili moja ya mwaka 1956. Léontine alikuwa amenialika, nimekaa nao mezani, tunamenya kokwa za msituni kwa visu. Armande alinitazama, kisha akamgeukia Léontine.

"Wifi, wakati wa vita niliwaandikia Wajerumani habari za mama wa huyu. Namshukuru Mungu barua ilipotea."

"Haikupotea. Niliichoma mimi."

"Uliisoma? Mpaka mwisho?"

"Mpaka mwisho."

Armande aliweka kisu chini. "Basi ulimwacha Firmin kule."

"Nilimwacha."

"Na miaka yote hii unanipakulia nyama?"

"Ukale wapi, wewe? Wa kumlilia tumebaki wawili tu."

Armande akalia, na Léontine, ambaye sikuwahi kumwona akitoa chozi, akalia naye. Niliona haya kuwapo. Nikatoka bila kuaga, nikaenda nyumbani, nikamkuta mama anapinda gauni la mtu na pini mdomoni, akaniuliza mbona nimerudi mapema. Nikavuta kiti, nikamshikia pindo.