Chokaa ya Mzee Man-seop

Pale Solgogae, juu mlimani, mwanamume akizaliwa katika ukoo wa Pyo kazi yake ilishapangwa: kujenga minara ya saa. Chama kizima cha wajenzi kimebaki na mtu mmoja sasa, Man-seop, mwenye miaka sabini na minane. Anakula peke yake, analala peke yake, na akiigonga sufuria kwa mguu anaiambia samahani.

Kazi yenyewe ni hivi. Mtu akiwa na saa asiyotaka ipotee, kama harusi au neno la mwisho la mgonjwa, humpelekea fundi, naye huifinyanga ikawa jiwe. Mwenye saa huisahau kabisa, lakini akija kuliegemea jiwe lake mnarani, yote humrudia mpaka atakapoinuka. Mawe nayo hayashikani bila chokaa, na chokaa hukandwa kwa saa ndogondogo za fundi mwenyewe: mchana wa kupepeta shayiri, jioni ya kukunja nguo. Takataka tu, walisema wakubwa wa chama. Sharti ni moja: ziwe saa za watu wawili. Saa ya mtu aliye peke yake haishiki, hupukutika kama unga.

Basi Man-seop, maskini wa watu, kwa miaka arobaini alizikanda chokaa takataka zake zote na mkewe, Bong-nim, zikamtoka kichwani. Akajiwekea zile saa kubwa. Mke alipofariki akakaa kitako azitazame. Loo! Harusini Bong-nim alikuwa ameinamisha uso kutwa nzima. Siku binti yao Yeong-ran alipozaliwa, Man-seop alifukuzwa nje. Mazishini mke yumo ndani ya sanduku. Miaka arobaini ya ndoa, na sauti ya mkewe haikumbuki! Hao wakubwa wa chama ningewapata leo, ningewapasha.

Asubuhi moja theluji ikiyeyuka, uvumilivu ulimwisha. Alichukua patasi, akaenda mnarani, akakwangua chokaa chini ya jiwe moja na kuitia ulimini.

Papo hapo akawa barazani kwao, na kapu la vitunguu saumu katikati yao wawili.

"Baba Yeong-ran, unamenya au unachonga? Umeanza na kitunguu, umebakiwa na punje ya mchele!"

"Mwanamke una mdomo wewe!"

"Na wewe una mikono ya mawe. Hebu lete hapa, utatulaza njaa."

Bong-nim akavinyakua huku akicheka mpaka akapaliwa. Basi, hakuna kingine kilichotokea. Chini ya mnara mzee alicheka kwa sauti, machozi yanamtiririka. Sauti ilikuwa nene kidogo, kama ya mtu mwenye mafua. Angewezaje kuitupa sauti ile? Kilichobaki ni kuimeza ile chokaa, nayo ingekuwa yake mpaka kufa.

Hapo jiwe likacheza.

Lilikuwa la jirani yake, Mama Deok-su, ambaye mwanawe alifukiwa mgodini. Ndani mwake mlikuwa na kifungua kinywa cha mwisho alichokula kijana nyumbani. Likianguka likapasuka, saa hiyo imekwenda. Na huyo Mama Deok-su anapanda njia na mkongojo wake, kama kila asubuhi.

Man-seop alikanda haraka siku zake za upweke, miaka mitatu ya kula peke yake, akazishindilia ufani. Zikapukutika miguuni pake. Akakanda nyingine, nazo zikapukutika. Jiwe likateleza kidogo.

"Mzee Man-seop! Umekula?" Mama Deok-su aliita kutoka kwenye kona.

Aliutega ulimi mara moja tena, amsikie mkewe akicheka. Kisha akatema kiganjani, akakanda, akashindilia. Jiwe likatulia tuli. Chokaa mbichi hufyonza kila kilichoigusa, kwa hiyo na kumbukumbu ya asubuhi yenyewe ikaenda nayo.

Mama Deok-su aliegemea, akafumba macho, akatabasamu na mwanawe. Alipofumbua alimkuta Man-seop ameduwaa, patasi mkononi.

"Mama Deok-su, hivi mimi nalia nini?"

Mama Deok-su aliegemea mkongojo wake.

"Mwaka jana uliniuliza hivyo hivyo. Na mwaka juzi. Kila theluji ikiyeyuka nakusikia kule njiani, unacheka."

"Nacheka na nani?"

"Na Bong-nim. Utacheka hivyo na nani mwingine?"

Man-seop akaidondosha patasi, akamshika mkono.

"Huwa ananiambia nini?"

"Sijui, mzee wangu," alisema, naye machozi yakamtoka. "Kila nikifika, umeshalirudishia jiwe langu chokaa yake."