Dobi Anayekimbia Nyuma Yenu

Wewe unayekimbia milimani, ukamaliza kunyonya kile kipakiti cha uji wa sukari, ukakisokomeza chini ya jiwe: ulidhani jiwe litakila? Nimechoka na wewe. Kaa hapo nikueleze habari za mtu aliyekiokota.

Watu wanamwita Dobi kwa sababu ndiyo kazi yake. Anafua mashuka ya nyumba ya wageni, kwenye chumba cha nyuma kisicho na dirisha, sakafu ina maji mwaka mzima. Kila asubuhi anafungua mafurushi ya watu asiowajua: jasho lao, matapishi yao, na mengine, ila labda unakula sasa hivi kwa hiyo nanyamaza. Ameshazoea, anasema. Uongo mtupu. Anachofanya ni kusubiri Jumapili.

Jumapili anapanda mlima mbio. Si kwa ajili ya kupungua, hana cha kupunguza. Mwinuko wa kwanza unamnyonga: mapaja yanawaka, mate yanakuwa gundi, mikono iko magotini kama bibi anayetafuta sindano. Kucha mbili za miguu zilishang'oka, akazitupa bila kuziwekea matanga. Lakini akifika juu mgongoni pa mlima, unamjia upepo ambao haujapita kwenye mwili wa mtu yeyote. Hauna harufu. Kwa dobi, hiyo ndiyo pepo. Halafu anateremka, miguu inachagua mawe yenyewe, na yeye anacheka peke yake kama mwehu.

Kila mwaka kuna mashindano kwenye mlima huohuo. Dobi aliomba namba ya kushiriki. Mwenyekiti wa mashindano, mtu mwenye kitambi na filimbi, akamwambia, "Mama, wakimbiaji ninao tele. Wewe mlima unaujua kama jiko lako. Kimbia nyuma yao, ukusanye takataka, na zile tepe tunazofunga vichakani kuonyesha njia. Ukinifanyia hivyo miaka mitatu bila lawama, namba ni yako."

Mdogo wake alicheka mpaka akashika ukuta. "Dada! Umefua wiki nzima, Jumapili unakwenda kufua mlima? Tena kwa ahadi?"

"We cheka tu. Namba nitaivaa."

Mwaka huu ulikuwa wa tatu.

Alianza mbio na gunia mgongoni, glovu mkononi. Kila penye tepe nyekundu alifungua, akatia guniani. Na kila baada ya hatua mbili, nyinyi. Vipakiti vinanata, vimejaa siafu. Maganda ya ndizi. Mnasema yataoza, na nyinyi mtaoza, mbona hatuwaachi njiani? Soksi moja. Plasta yenye damu. Na nyuma ya mawe, karatasi za chooni zinapepea kama bendera za taifa la wachafu.

Penye jiwe kubwa la kona ya pili, harufu ilimpiga usoni kabla hajafika. Dobi, ambaye hakuna shuka lililowahi kumshinda, aliziba pua, akageuza uso, akafungua tepe na kupita mbio. Kazini sawa, alijisemea. Hapa hapana.

Kwenye kituo cha mwisho cha maji, mtunza daftari alimzuia.

"Mama, wamepita sitini na mmoja. Walioondoka ni sitini na wawili."

"Nyuma yangu hakuna mtu."

"Basi mlima umemmeza."

Dobi alilitazama gunia lake. Tepe zote zilikuwa humo. Kama kuna mtu nyuma, njia yake alikuwa ameibeba yeye mgongoni.

Mtunza daftari akamwita Mwenyekiti kwenye redio ya mkononi, akampa Dobi. "Huyo atakuwa amekata tamaa, ameshuka kwao," Mwenyekiti alisema. "Mama, njoo huku tunagawa medali. Ukirudi kumtafuta, ujue umekiri kwamba umempita. Hiyo ni lawama. Na namba usiniulize."

Dobi aliirudisha redio, akageuka, akaanza kupanda. Mapaja yalimtukana njia nzima.

Nyuma ya lile jiwe hakukuwa na mtu, ila alama za tumbo lililoharibika, na kipakiti. Hatua ishirini kuelekea korongoni, kipakiti kingine. Halafu tena ile alama nyingine. Jamaa alipotoka hakuona tepe, akaufuata mteremko. Dobi akamfuata kwa uchafu wake, safari hii pua wazi.

Alimkuta ameketi korongoni, anatetemeka, mkononi saa kubwa kama kisosi, bukta imelowa.

"Usisogee, mama. Nanuka."

"Kaka, mimi dobi. Nimefua ya wakubwa kuliko wewe. Simama, mficha uchi hazai."

"Nilikusikia unapita. Niliona aibu kuita."

"Na mimi nilisikia harufu, nikaona kinyaa kuangalia. Tumekutana wajinga wawili. Haya, twende."

Alimfunga sweta lake kiunoni, akamkokota. Katikati ya njia jamaa akapata nguvu, akatoa kipakiti, akanyonya, akakiangusha. Dobi alisimama.

"Okota."

"Mama, si hivihivi ndivyo vilivyokufanya unione?"

"Okota kabla sijakurudisha nilikokutoa."

Akaokota.

Kule chini, Mwenyekiti alibana pumzi, akamvisha jamaa medali, wakapigwa picha. Kisha akamgeukia Dobi, anatikisa kichwa. "Nilikwambia, mama. Umempita mtu. Itabidi tuanze kuhesabu upya, miaka mitatu."

Dobi alipandisha gunia juu ya meza ya medali, akalipindua. Vipakiti, siafu, plasta, karatasi, vyote pwaa!

"Vya kwenu hivyo," alisema. "Mimi mashuka yananitosha."

Jamaa wa saa wala hakugeuka. Alikuwa anatazama picha yake kwenye simu.

Jumapili iliyofuata Dobi alipanda bila namba, bila gunia, mikono mitupu. Alishuka mifuko imejaa vipakiti, anawalaani wote wenye miguu. Mdogo wake safari hii hakucheka. Alimmiminia maji anawe.

Mwakani hakuna mtu nyuma yenu. Kwa hiyo nakuomba, wewe mwenyewe: kipakiti kirudi mfukoni kilikotoka. Na tumbo likikukata ukaingia nyuma ya jiwe, acha kofia yako njiani ionekane, na ukisikia hatua zinapita, tafadhali, ita.