Sura Niliyoshindwa Kuchora

Tulipokimbia vita kijijini kwetu Kingi, mume wangu alikwenda kwenye machimbo ya Bisie kutafuta kazi. Simu zake zikapungua, mwishowe zikakatika. Mimi nilibaki Shasha, tulikokimbilia, katika nyumba ya mbao kando ya barabara. Watu walikuwa wengi, lakini sikuwa na wa kuongea naye. Tulisalimiana sokoni, tukasalimiana kanisani, kisha kila mtu kwake.

Siku moja nilichukua kipande cha makala, mkaa wa kupikia, nikachora kilima chetu ukutani: migomba, ng'ombe, njia ya kushuka mtoni. Shuleni nilipenda kuchora, nilipoolewa nikaacha.

Jirani yangu, mjane asiye na maneno mengi, alikuja kuomba moto. Alipouona ukuta, moto akausahau.

"Huku ni wapi?"

"Ni kwetu."

Akasogea karibu. "Kwetu kulikuwa muti wa avoka mbele ya nyumba. Unichoree na kwetu."

Tangu hapo akawa anakuja kila alasiri. Alisimulia, nami nikachora. Aliponiambia mbuzi wangu anafanana na mbwa, nilicheka hadi nikashangaa sauti yangu mwenyewe.

Kisha akasema, "Sasa unichoree mutoto wangu."

Mwanawe alifia njiani walipokuwa wanakimbia. Sijawahi kujua kuchora sura, lakini ningemkataliaje?

"Pua yake ilikuwaje?"

"Kama ya baba yake."

"Na macho?"

Akageukia ukuta. "Chora tu."

Nilichora, nikafuta kwa kitambaa kibichi, nikachora tena. Kijana aliyetokea ukutani hakuwa mtu yeyote. Yule mama alimtazama, akajifunga kitenge vizuri, akatoka.

Hakurudi. Nikimsalimia barabarani, aliitika bila kusimama. Nikaifuta ile sura, na bado sikutulia. Mwishowe nilimfuata kwake, nikamkuta anamenya mihogo.

"Mama, unisamehe. Sijui kuchora sura."

"Haiko kosa yako," akasema. "Uliniuliza macho yake, nikakosa cha kujibu. Pale njo nikajua naanza kumusahau."

Nikachukua kisu kingine, nikakaa, tukamenya mpaka beseni likajaa.

Siku hizi huja tena, mara moja moja. Tunaongea bei ya samaki na habari za vita. Mtoto hatumtaji. Wakati mwingine naona midomo yake inataka kuanza, kisha ananiomba chumvi.