Nilibandika Plastiki Dirishani Ili Watu Wasimwone Mama

Admin, tafadhali funika jina langu, maana kanisani kwetu Blacktown wengi wanafuata page hii. Mimi ni Mkenya wa miaka arobaini na mbili, naishi huku ng'ambo, mtaa wa Quakers Hill, na mume wangu na binti yetu wa miaka kumi na minne. Kazi yangu ni kutunza wazee.

Baba alipofariki nilimleta mama yangu kutoka Nyahururu. Tukienda kazini na mtoto shule, alibaki peke yake. Akavuta kiti hadi dirisha la mbele, leso kiunoni, akawa anapungia kila anayepita. Kuna jirani mmoja Mfilipino alikuwa anasimama kabisa na mbwa wake, wanacheka na mama, kioo katikati, hakuna anayesikia mwenzake.

Binti yangu akaanza kulalamika kwamba wenzake wa shule wanapita hapo na kumwiga shosho, yaani bibi yake, anavyopunga mkono. Badala ya kumkemea, nikamwonea huruma. Na niseme ukweli, hata mimi nilikuwa naona aibu.

Nikanunua ile plastiki ya kubandika kwenye kioo, yenye ukungu, mwanga unapita lakini huoni kitu. Nikamwambia mama ni ya kuzuia jua. Jamani, alinisaidia. Alisugua kioo, akashika chupa akawa ananyunyiza maji ya sabuni, mimi nabandika nikisukuma hewa itoke. "Hapa bado pamevimba," ananionyesha. Tulipomaliza akasema, "Asante mwanangu, kumbe uliona nachomwa na jua."

Binti aliporudi akaangalia dirisha, akasema kwa Kiingereza, "Afadhali. Sasa hakuna mtu atamwona." Alisahau kwamba shosho alifanya usafi shule ya wamisionari miaka mingi na Kiingereza anakisikia. Mama alikuwa anachambua mboga. Mikono ikasimama. Akaniuliza polepole, "Kwa hivyo si jua?"

Nikamjibu, "Ni jua, mama. Mtoto anaongea tu."

Tangu siku hiyo hakai sebuleni. Anakula, anasema asante, anarudi chumbani. Yule jirani alinisimamisha akauliza kama mama alisharudi Afrika. Niliingia ndani nikabandua ile plastiki nikilia, gundi ikabaki kwenye kioo, nikamwita aje aone. Akatazama kidogo tu. "Irudishe, mtoto asiaibike. Mimi nipeleke kwangu." Na huko kwake hakuna mtu, na ana presha.

Mume wangu ananiambia nishikilie kwamba lilikuwa jua, nikikiri nitamuumiza zaidi. Lakini kila nikimpelekea chai nashindwa kumtazama usoni. Anajua nilimdanganya, na bado ananiombea kabla sijatoka kwenda kazini.

Wenzangu mliowahi kumkosea mzazi, niambieni. Nimkubalie arudi, au nimzuie? Na nikikaa naye, neno la kwanza nimwambie nini?