Picha ya Mke Wangu kwenye Kioo cha Gari

Nilitumikia serikali enzi ambazo gari la ofisi lilikuwa na mishale michache ya vipimo, na kila dereva alijua kila mshale unasema nini. Soko lilipofunguliwa, tuliletewa machaguo ya kila kitu, hata pale ambapo hatukuwa tumeomba kuchagua. Niliponunua gari lililokwisha kutumika Japani, ili limfikishe mke wangu kliniki ya macho Mwanza, fundi mmoja wa Bariadi alinishawishi niondoe mishale na kuweka kioo kipana kinachoonyesha vipimo vyote.

"Mzee, chagua sura," alisema, akipitisha kidole juu ya kioo. Ilipita ya bluu, ikapita ya miali ya moto, zikapita rangi za timu za mpira.

"Nataka inayosomeka."

"Zote zinasomeka. Hata mama tunaweza kumweka humo."

Binti yangu alikuwa na picha kwenye simu. Kabla sijamaliza kukataa, mke wangu alikwishajaa kiooni kwa kitenge chake cha kanisani, kipimo cha mwendo kikiwa kwenye paji la uso na cha joto la injini kikiwa chini ya kidevu. Yeye alicheka, akasema sasa atanisimamia vizuri.

Baadaye goti langu lilikataa kukanyaga breki, usukani akaushika mkwe wangu, mume wa binti huyo. Ni mtu wa Sapiwi, wa nyumba ya wafugaji inayoshika heshima ya ukwe: mwanamume hamtazami mama mkwe usoni. Watu wa mjini humcheka. Mimi sijawahi.

Siku ya upasuaji wa jicho, mke wangu alikuwa kwa dada yake Nyashimo akisubiri kuchukuliwa. Nafasi hiyo alikuwa ameingoja kwa muda mrefu. Mkwe aliondoka peke yake alfajiri. Kabla ya kufika barabara kuu ya Mwanza, injini ilichemka ikafa.

Mjini walisema alikuwa amelewa. Fundi alisema lazima gari lilionya, kwa kuwa kioo chote hugeuka chekundu injini ikichemka. Nilikodi gari nikaenda, nikamkuta amekaa kando ya barabara. Leso nyeupe ya mfukoni ilikuwa imetandazwa juu ya kioo, pembe zake zimechomekwa vizuri.

"Hukuona onyo?"

"Sikuona, baba."

"Na hii leso?"

Alitazama chini. "Mayu, mama yetu, alikuwa ananitazama barabara nzima. Ningefanyaje?"

Niliwahi kuwaandikia madereva barua za onyo kwa makosa madogo kuliko hilo. Siku hiyo niliikunja leso nikamrudishia. Ninayemlaumu hadi leo ni anayeuza sura bila kuuliza nani atakaa mbele yake.

Kwa kuchelewa huko nafasi ya mke wangu ilipita, akapangiwa tarehe ya mbali, na ukungu jichoni ukazidi. Nilipomweleza kisa cha leso, aliuliza:

"Leso yenyewe ilikuwa safi?"

"Safi."

"Basi asisemwe vibaya."

Injini ilibadilishwa. Fundi alinionyesha sura mpya, nikamwamuru arudishe mishale myeupe kwenye weusi mtupu.

Tarehe ilipofika tulikwenda watatu. Mke wangu alikaa nyuma. Mkwe aliendesha, kioo cha kutazamia nyuma akiwa amekigeuzia darini, nami kando yake nikigeuza shingo hadi Mwanza, kumwambia kinachokuja nyuma yetu.