Singeli Katikati ya Baraka za Bibi

Jamani, kuna ukumbi mmoja hapa Karatu ambao hadi leo nikipita mbele yake nashusha kofia, maana aibu niliyoipata mle ndani niliitafuta mwenyewe. Mimi ni DJ wa harusi, na laptop yangu ina kwaya za Kiiraqw zinazosikika kama watu wananong'ona na singeli zinazopasua masikio, vyote vimechanganyika. Asubuhi ya harusi ya Nashipai, binti wa Kimasai kutoka Endulen aliyeolewa huku, mke wangu Neema akaniambia, "Baba Ima, niachie nizisawazishe sauti. Programu inapima ukubwa wa sauti ya kila wimbo, inauwekea alama tu ya kupanda au kushuka, wimbo wenyewe haiuharibu." Nikamcheka. Kupandisha na kushusha si ndiyo kazi yangu?

Basi, bibi yake Nashipai alikuwa mgonjwa, hawezi kusafiri, akatuma baraka zake kwa simu, vipande viwili. Ukumbi mzima ukainama, mjomba wa bibi harusi kashika kibuyu cha maziwa ya kunyunyizia, na kila mara bibi akimaliza sentensi watu wanaitika "Naai!", yaani Mungu (Wamasai ndivyo wanavyopokea baraka, na sisi wa Karatu tukafuatisha). Ila sauti ilikuwa ndogo mno, nikapandisha mixer, nikapandisha tena hadi mwisho, najiona fundi. Kipande cha kwanza kikaisha, laptop ikarukia singeli.

"Kata kiunooo!"

Na watu, macho wamefumba, wakaitika kwa nguvu, "Naai!" Mchungaji naye! Mjomba akaruka, maziwa yote yakammwagikia mama mkwe, watoto wakaanza kukata viuno kweli, Nashipai akajifunika uso analia. Mjomba akanifuata mezani. "Kijana, bibi hajamtaja Nashipai kwa jina. Tunamsubiri."

Neema akanisukuma kwa kiwiko, akashusha mixer, akapitisha programu yake kwenye nyimbo za siku ile na kipande cha pili cha bibi, katulia kama anachambua mchele. Akabonyeza. Sauti ya bibi ikatoka wazi, bila mkwaruzo, hata pumzi yake unaisikia, ikamtaja Nashipai na watoto atakaowazaa. "Naai!" ukumbi ukaitika, na Nashipai naye akaitika, machozi yanamtiririka. Kwaya ikafuata kwa sauti ileile, hakuna aliyeshtuka.

Yule mwanamke nilimpenda upya siku ile. Nimeapa wimbo haupigwi kabla hajaupima, na jioni akikaa kuzipima, ugali nasonga mimi.